Ufundi wa Riwaya Pendwa

Riwaya pendwa, yaani ile inayoandikwa ili watu wengi waisome kwa hamu pasipo kuhitaji mwalimu wa kuwafafanulia, imebezwa mno na wahakiki wanaoiona nyepesi, ilhali kuandika jambo zito likasomeka kwa wepesi ni ufundi wasioujaliwa waandishi wengi. Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar aliudhihirisha katika *Mzimu wa Watu wa Kale*, hadithi iliyoshinda shindano la uandishi la Afrika Mashariki la 1957–58 na kuchapishwa 1960, miaka minne kabla ya Mapinduzi ya Zanzibar. Maiti inakutwa mzimuni, mahali panapoogopwa, na hofu ya wenyeji inatosha kuifunga kesi. Lakini Bwana Msa, mpelelezi asiyeachana na kiko chake, anahoji, analinganisha kauli na kuchambua kila dalili, mpaka inabainika kwamba muuaji ni binadamu. Taharuki, yaani ile hali ya msomaji kushikwa na shauku ya kujua litakalofuata, ndiyo inayofanya kazi hapa, kwa kuwa anayemfuata Bwana Msa hadi mwisho huwa amejizoeza kudai ushahidi kabla ya kuamini, wala hakuhubiriwa hata kidogo. Kwa jamii iliyokuwa ikikaribia kujitawala, zoezi hilo halikuwa dogo.

Elvis Musiba, mwandishi wa Tanzania, aliandika katika mazingira mengine. *Kufa na Kupona* ilitoka 1974, Dar es Salaam ikiwa makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika, na shujaa wake, Willy Gamba, ni jasusi anayepigania ukombozi huo huku akipenda hoteli nzuri na starehe za mjini, miaka saba tu baada ya Azimio la Arusha, tamko la ujamaa la Tanzania, kuwataka viongozi wajiepushe na ubepari. Wapo watakaouita huo ukinzani. Kwa kweli ni unyofu, kwani vijana wa wakati ule waliyataka yote mawili, na jasusi huyo akamfanya msomaji ambaye hajawahi kushika bunduki aione vita ya ukombozi kuwa yake. Kasoro ipo, nayo si ndogo: mara nyingi mwanamke katika riwaya za kijasusi ni kishawishi au mtego, na hilo pia ni ushahidi wa zama zile.

Vitabu vya namna hii viliazimwa mkono kwa mkono hadi vikachakaa. Maktaba na vyuo vikuu vyetu vivikusanye, na wachapishaji wavitoe upya, kabla nakala zilizosalia hazijapotea.