Cervantes alivyoijenga sehemu ya pili ya Don Quijote

Wengi wanaoikumbuka Don Quijote hukumbuka vinu vya upepo. Tukio hilo limo katika sura ya 8 tu ya kitabu cha kwanza, kilichotoka Uhispania mwaka 1605. Anayeishia hapo amekosa mengi, kwani sehemu ya pili, ya mwaka 1615, imeipita ya kwanza, na imeipita kwa ufundi wa ujenzi.

Cervantes aliitia sehemu ya kwanza ndani ya ya pili. Hata safari haijaanza, Sancho Panza anampasha bwana wake habari kwamba visa vyao vimechapishwa. Msomi kijana, Sansón Carrasco, anawaeleza wasomaji wanavyosema: hadithi zilizopachikwa katikati hazimhusu Don Quijote, na punda wa Sancho aliibwa, kisha akaonekana tena bila maelezo. Kasoro ya punda ilikuwamo kweli katika chapa ya 1605. Mwandishi akaigeuza lawama kuwa mazungumzo ya wahusika wenyewe.

Ila kilele cha ufundi, kwangu mimi, ni sura ya 10. Katika kitabu cha kwanza Don Quijote huona ngome palipo na nyumba ya wageni, na Sancho humkanusha. Humo pia Sancho alidanganya kwamba alimfikishia ujumbe Dulcinea, mpenzi wa bwana wake. Sasa bwana anataka apelekwe kwake, na uongo wa zamani umemkaba mtumishi. Wanapotokea wasichana watatu wa shamba juu ya punda, Sancho anapiga magoti na kumtangaza mmoja wao kuwa ndiye Dulcinea. Don Quijote anatazama, na safari hii anaona wasichana wa shamba tu! Anaamini wachawi wamembadilisha mpenzi wake. Nafasi zimebadilishana, na uongo huo unaisukuma hadithi mpaka mwisho: Sancho anaamriwa ajichape viboko 3,300 ili uchawi umtoke Dulcinea, na mke wa mtawala mmoja anayewakaribisha jumbani kwake na kuwafanyia mizaha, mwanamke aliyekwisha kusoma kitabu cha kwanza, anamsadikisha kwamba Dulcinea amerogwa kweli, na kwamba aliyedanganywa ni yeye Sancho.

Mizaha ya jumba la mtawala huyo ni mirefu mno, tena ya kikatili. Hapo mwendo unalegea.

Mwaka 1614 mtu aliyejiita Avellaneda alitoa mwendelezo wa bandia, Cervantes akiwa bado hajamaliza wake. Alijibu ndani ya hadithi. Katika sura ya 59 Don Quijote anasikia kwamba kitabu hicho kimempeleka Zaragoza, naye anageuza njia kuelekea Barcelona ili kukisuta. Baadaye anakutana na Álvaro Tarfe, mhusika wa kitabu cha bandia, ambaye anatoa tamko rasmi kwamba Don Quijote aliyemjua yeye si huyu.

Mwishoni Cervantes anamuua shujaa wake ili asitokee mwingine wa kumwendeleza. Don Quijote kitandani amerudiwa na akili zake, na Sancho ndiye anayemsihi ainuke waende malishoni, huenda nyuma ya kichaka wakamkuta Dulcinea, uchawi umemtoka. Ombi hilo lisingekuwa na uzito huu kama si Sancho mwenyewe aliyemzulia bwana wake uchawi ule katika sura ya 10.