Mkonga wa tembo wafika Kasulu

Umeme umekatika Kasulu. Watoto wanne wamebanana kwenye simu moja yenye kioo kilichopasuka, wanatazama hadithi ya katuni ya jinsi tembo alivyopata mkonga. Bibi anayechambua maharage pembeni anacheka: “Mbona sisi tunaisimulia vingine!”

Heko kwa wachoraji wa Nairobi waliotuletea katuni hizo, *Tinga Tinga Tales*, mwaka 2010. Walizichukua rangi na vitone vya Edward Saidi Tingatinga, yule kijana wa Tunduru aliyechora kwa rangi za baiskeli jijini Dar es Salaam hadi alipofariki mwaka 1972, wakavitia uhai. Vipindi 52! Na kila mkonga unaonyanyuka ni picha juu ya picha.

Nawadai kimoja tu: sungura wa hadithi za Kibondo naye aongee Kiha, lugha ya huku.