Jicho la Kinyonga: Kuona na Kutambua katika Ngano ya Kibukusu ya Asili ya Kifo

Utangulizi

Katika hurafa za Kiafrika, mnyama aghalabu huteuliwa kwa sifa moja iliyo bayana: sungura kwa ujanja, fisi kwa ulafi, kobe kwa subira. Kinyonga naye amezoeleka kuhusishwa na mwendo wa pole. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba mazoea hayo hayatoshi kuifafanua ngano ya Wabukusu kuhusu asili ya kifo. Ngano hiyo ikichunguzwa kwa makini, huonekana kuwa ni ngano ya macho: nani anamwona nani, na anamwona kama nani.

Ngano yenyewe

Wabukusu wanaishi hasa katika Bungoma, na wengi pia wako Trans Nzoia, ambako mji mkuu ni Kitale. Günter Wagner, mwanaanthropolojia Mjerumani aliyefanya utafiti magharibi mwa Kenya katika miaka ya 1930, aliihifadhi ngano hii katika kitabu chake kuhusu Wabantu wa Kavirondo ya Kaskazini, ambacho juzuu yake ya kwanza ilichapishwa mwaka 1949.

Kwa muhtasari, hapo kale watu hawakufa. Jioni moja kinyonga alimwendea mwana wa Maina, aliyekuwa ameketi mbele ya nyumba yake akila, akamwomba chakula. Mwenyeji alikataa. Kinyonga alipozidi kuomba, mwenyeji alikasirika akamfukuza. Kinyonga akaondoka akiwa ameacha laana kwamba watu wote watakufa. Kisha alimwendea nyoka, akamwomba vivyo hivyo. Nyoka alimpa kwa moyo mkunjufu, naye akabarikiwa asife: anapozeeka hujivua gamba tu.

Mwanzo wa kisa hiki una mzaha. Mtambaazi mdogo anayebisha hodi wakati wa chakula na kung'ang'ania kupewa tonge ni kichekesho mbele ya hadhira yoyote. Lakini mzaha huo una mtego ndani yake. Anayecheka amekwisha kusimama upande wa mwana wa Maina, kwa kuwa naye anamwona kinyonga tu, hamwoni mgeni.

Kwa nini kinyonga?

Wahakiki wengi hueleza kuwapo kwa kinyonga katika visasili vya kifo kwa kutumia ngano inayojulikana sana kusini mwa Afrika, hususan miongoni mwa Wazulu. Humo, kinyonga anatumwa kuwapelekea watu habari ya uzima, anajikokota njiani, na mjusi anamtangulia na habari ya kifo. Katika kisa hicho mwendo wa pole ndio kiini cha mambo. Katika ngano ya Kibukusu, hata hivyo, kinyonga hakutumwa na yeyote, hana ujumbe, wala hakuchelewa. Alifika wakati hasa wa kula. Kuuleta ufafanuzi wa Kizulu Bungoma, kwa hiyo, ni kuisoma ngano moja kwa miwani ya nyingine.

Ukiondolewa mwendo, zinabaki sifa mbili ambazo kila aliyekulia mashambani anazijua. Kwanza, kinyonga ni mgumu kuonekana. Sayansi ya leo inaeleza kwamba mabadiliko makubwa ya rangi yake yanahusu zaidi mawasiliano na joto la mwili kuliko kuiga mahali alipo. Hata hivyo, umbo lake na kuyumba kwake kama jani humficha vyema. Pili, yeye mwenyewe huona kwa namna ya ajabu. Kila jicho limefunikwa na kope zilizoungana, zikaacha tundu dogo tu, na kila jicho huzunguka kivyake. Hivyo basi, mgeni huyu ni kiumbe aonaye pande mbili ilhali yeye mwenyewe haonekani kwa urahisi. Sifa hizo zinamstahilia hakimu.

Yumkini msomaji atapinga kwamba muhtasari wa ngano hauyataji macho hata mara moja. Pingamizi hilo lina uzito. Lakini hautaji mwendo wa pole pia, na hakuna aliyesita kuuingiza. Fasihi simulizi huacha mengi kwa hadhira, kwa sababu hadhira inamjua mnyama anayetajwa. Muundo wenyewe unaunga mkono usomaji huu: kinyonga anamtazama mwenyeji wa kwanza, anamtazama wa pili, kisha matokeo ya pande zote mbili yanawekwa sambamba.

Ushahidi wa elimu ya kuona

Mwaka 1977 mtafiti Lindesay Harkness alichapisha katika jarida la Nature majaribio ambayo ndani yake vinyonga waliwekewa lenzi mbele ya macho, mithili ya miwani. Ulimi wao ulikosea shabaha kulingana na lenzi hizo. Ilidhihirika kwamba kinyonga hupima umbali kwa kulirekebisha jicho lake hadi taswira iwe wazi. Jicho lake, kwa maneno mengine, ni kipimo.

Jicho la binadamu linategemea mno hukumu ya akili. Ibn al-Haytham, mwanazuoni wa Basra, alieleza mwanzoni mwa karne ya 11 kwamba kutambua kitu kunahitaji akili ilinganishe kinachoonekana na kilichomo katika kumbukumbu. Katika karne ya 19 Mjerumani Hermann von Helmholtz aliuita mchakato huo hitimisho lisilo na fahamu. Mtu huona kile ambacho akili yake imekwisha kukihukumu.

Hapa ndipo lilipo kosa la mwana wa Maina. Si kosa la kutokuona kabisa, kama lile la watazamaji katika jaribio maarufu la mwaka 1999 la Daniel Simons na Christopher Chabris, ambamo takribani nusu hawakumwona mtu aliyevaa vazi la sokwe akipita mbele yao. Mwana wa Maina alimwona kinyonga, akamsikia, hata akamfukuza. Kosa lake ni la utambuzi: alikwisha kuhitimisha kwamba kilicho mbele yake ni mdudu wa kufukuzwa, wala si mgeni wa kukaribishwa. Sayansi hueleza jinsi hitimisho kama hilo linavyotokea, lakini haimlaumu mtu kwa sababu hiyo. Ngano humlaumu, na adhabu yake ni kifo cha wote. Tofauti hiyo ndiyo thamani ya fasihi.

Nyoka anaukamilisha ulinganishi huo. Nyoka wengi hutegemea sana ulimi unaonusa, wala hawana macho yenye uwezo kama wa kinyonga. Hata hivyo, ni yeye aliyemtambua mgeni. Tena jicho lake halina kope, bali limefunikwa na gamba jembamba angavu. Siku chache kabla ya kujivua, gamba hilo huwa na ukungu. Ngozi ikivuliwa nalo hutoka, na jicho hung'aa upya. Baraka iliyotolewa katika ngano, kwa hiyo, inayafikia hata macho.

Hitimisho

Usomaji huu unaidai taaluma kazi ya nyanjani. Maandishi ya Wagner yamehifadhi maneno, lakini hayakuhifadhi uso wa fanani. Watafiti wa Bungoma na Trans Nzoia hawana budi kurekodi jinsi fanani anavyoyaigiza macho ya kinyonga, na ni wapi hadhira inapocheka. Makumbusho ya Kitale, yaliyotokana na mkusanyo wa wadudu, wanyama na vitabu ulioanzishwa na Hugh Stoneham, yanafaa kuwa mahali pa kuziweka pamoja elimu ya viumbe na ngano zao. Mhakiki anayekuja na jibu la kinyonga mwepesi wa kuchelewa kabla ya kuisikiliza ngano hatofautiani sana na mwana wa Maina: anamtazama mgeni mlangoni, na tayari ameshaamua ni nani.