Swali la Maadili katika Riwaya ya Kichwamaji

Tunaposoma riwaya darasani mara nyingi tunakimbilia swali moja: mwandishi anatufunza nini? Swali hili lina manufaa yake, lakini kwa Euphrase Kezilahabi (1944-2020) linaweza kutupotosha. Huyu alikuwa mwanafalsafa aliyeuliza maswali yake kupitia riwaya, tena kwa Kiswahili. Tasnifu yake ya uzamifu, iliyohusu falsafa ya Kiafrika na ufasiri wa fasihi, aliiandika katika Chuo Kikuu cha Wisconsin, Marekani, na kuikamilisha mwaka wa 1985. Kufikia hapo, msomaji wa kawaida wa Afrika Mashariki alikuwa amekwisha kukabiliwa na fikra zake katika Rosa Mistika (1971), Kichwamaji (1974) na Dunia Uwanja wa Fujo (1975). Hebu tuitazame Kichwamaji.

Kazimoto ni msomi wa chuo kikuu. Dada yake, Rukia, anapachikwa mimba na Manase na hatimaye anafariki. Kazimoto anaazimia kulipiza kisasi kwa kumtongoza Sabina, dada yake Manase. Baadaye anampenda na kumwoa. Mtoto wao anazaliwa na kichwa kikubwa kupita kiasi, na Kazimoto anajiua.

Watahiniwa wengi wataandika: "Kisasi ni kibaya, uasherati huleta maangamizi." Kauli hizi si za uongo, ila hata mtu asiyeisoma riwaya angeweza kuziandika. Swali gumu ni hili: Sabina alikosa nini? Katika mpango wa Kazimoto, Sabina si mtu bali ni njia ya kumfikia Manase. Kazimoto anamchukia Manase kwa kumtumia Rukia kama chombo, huku naye akinuia kumtumia Sabina vivyo hivyo. Usomi wake haumzuii.

Hapa mbinu ya usimulizi ina uzito. Riwaya inasimuliwa katika nafsi ya kwanza, na msimulizi ni Kazimoto mwenyewe. Sabina tunamjua kupitia kinywa cha mtu aliyenuia kumdhuru. Hakuna msimulizi maizi wa kutuambia nani ana hatia. Kiti cha hakimu kimeachwa wazi, na msomaji ndiye anayetakiwa kukikalia. Kwa hivyo, usiandike kwamba "Kezilahabi anasema maisha hayana maana" eti kwa sababu Kazimoto ameyaona hivyo. Msimulizi si mwandishi.

Wahakiki wameihusisha riwaya hii na udhanaishi, na wana haki. Hata hivyo, istilahi hiyo isiwe kichaka cha kujifichia. Udhanaishi unashikilia kwamba binadamu huchagua, na kwamba anawajibika kwa alichokichagua. Je, kujiua kwa Kazimoto ni kuwajibika, au ni kulikimbia deni lake kwa Sabina?

Mwalimu, liache swali hili lijadiliwe kabla ya kuorodhesha dhamira ubaoni. Mwanafunzi aliyepewa jibu atalikariri na kulisahau, ilhali aliyebishana kuhusu Sabina atakuwa amejifunza kupima tendo lake mwenyewe. Nawe mtahiniwa, chukua msimamo, kisha uuthibitishe kwa matukio ya riwaya.

Maswali ya kudurusu
1. "Kazimoto hana tofauti na Manase." Jadili.
2. Eleza jinsi usimulizi wa nafsi ya kwanza unavyoathiri hukumu ya msomaji katika Kichwamaji.