Upana wa Kidole

Kwa ufuta au karanga, mtu anayetaka mafuta mengi husaga kila kitu mpaka kilainike. Kwa zeituni, mkulima wa Italia ya kale aliiogopa kokwa. Cato, mwanasiasa wa Roma aliyeandika kitabu cha kilimo yapata mwaka 160 KK, anaonya kuwa mafuta yenye kokwa ndani yake huwa na ladha mbaya. Basi kinu chake kiliundwa kiponde nyama na kuiacha kokwa.

Kilikuwa beseni la jiwe lenye nguzo fupi katikati. Mawe mawili ya umbo la nusu mpira yalishikiliwa na mti uliolala juu ya nguzo, moja kila upande, yakazungushwa ndani ya beseni bila kuligusa. Kati ya jiwe na sakafu ya beseni Cato anataka upana wa kidole kidogo; kati ya jiwe na nguzo, kidole kimoja.

Yanayonivutia hasa ni marekebisho. Nafasi ikizidi, funga kamba kuizunguka nguzo, uibane mzingo kwa mzingo hadi nafasi iliyozidi izibe. Mawe yakishuka mno, chomeka visahani vya mbao vyenye tundu ili yainuke. Mawe mazito namna ile, na dawa yake ni kamba na vipande vya mbao! Ushauri kama huu hautungwi mezani. Hutoka kwa mtu aliyewahi kuhangaika na kinu kibovu wakati wa mavuno.

Bei nazo anazo. Kinu kamili cha mji wa Pompeii kilimgharimu sesterti 384 (sarafu za Roma), usafiri 280, kukifunga 60. Kile cha mji wa Suessa kilianzia 400, lakini gari la ng'ombe na watu wake likadai 72 tu, na pamoja na gharama nyingine jumla ikawa 629, dhidi ya 724 za kile cha Pompeii. Mawe huuzwa kwa bei moja, barabara hupanga nyingine.

Katika shamba la mizeituni la hekta 60 hivi anahesabu watu 13, msimamizi akiwamo. Ni Cato huyuhuyu anayeshauri mtumwa mzee auzwe pamoja na ng'ombe waliochoka. Ufundi ninaousifu ulikuwa mikononi mwa watumwa wa aina hiyo.

Kazi yao ngumu zaidi, nadhani, ilikuwa kuengua mafuta. Zeituni zikishabanwa, mafuta hutoka pamoja na maji meusi machungu, kisha huelea. Mwenye upawa huyaengua kila siku, akijihadhari asichote weusi ulio chini. Chombo cha shaba hakitakiwi, wala watu kuingia ovyo ghalani. Zaidi ya karne mbili baadaye Columella, mwandishi mwingine wa kilimo, mzaliwa wa Gades huko Uhispania, alidai makini zaidi: mkamuo wa kwanza, wa pili na wa tatu, kila mmoja na safu yake ya vyombo, visichanganywe kamwe.

Maji meusi nayo hayamwagwi. Mtungi mpya wa udongo ungekunywa mafuta mengi, kwa hiyo Cato anaujaza kwanza maji hayo kwa siku 7, akiyaongeza kila siku kadiri udongo unavyoyafyonza. Ukishashiba, maji humwagwa, nao mtungi hukaushwa, hupashwa moto na kupakwa gundi ya mti ndani, ndipo mafuta yatiwe.