Ujirani na Lugha Mwambaoni: Uhakiki wa Kazi ya Marie-Louise Sibazuri kwa Kuangazia Rumonge

Marie-Louise Sibazuri, mtunzi wa tamthilia kutoka Burundi, ndiye mwandishi wa Umubanyi niwe muryango, yaani “Jirani ndiye jamaa”, mchezo wa redio wa Kirundi ulioandaliwa na Studio Ijambo tangu 1997, vita vikiwa bado vinaendelea. Ubora wake ni kwamba hauhubiri: familia ya Kihutu na ya Kitutsi huishi jirani, na hoja ya amani hujengwa na mambo yao ya kila siku. Hata hivyo, ukisikilizwa kutoka Rumonge, mchezo huo una pengo. Katika mwambao huo wa Ziwa Tanganyika, Kiswahili na Kirundi hukutana sokoni na mwaloni. Mchezo wa lugha moja hauna nafasi ya jirani anayebadili lugha kulingana na mteja. Pengo hilo huwagusa zaidi watoto. Ubongo Kids, kipindi cha katuni kilichoanza Tanzania 2014, huwafundisha kwa Kiswahili, lakini mandhari yake si ya kwao. Hivyo mtoto wa Rumonge hupata ujirani bila Kiswahili, au Kiswahili bila ujirani. Kutafsiri vipindi vya kigeni hakutoshi. Sera haina budi kugharimia waandishi wa mwambao wenyewe.