Charlie Gillett na Historia ya Muziki wa Roki

Wako watu waliodhani, na yamkini wangali wako, kuwa muziki wa vijana haustahili mwanahistoria. Wimbo wa dakika tatu unaochezwa dansini usiku wa Jumamosi na kusahauliwa kabla mwaka haujaisha, wasema hao, ni jambo la gazeti, si la kitabu. Charlie Gillett, Mwingereza aliyezaliwa Morecambe mwaka 1942 na kufa mwaka 2010, alitumia umri wake kuikanusha fikira hiyo. Nakusudia hapa kuipima kazi yake, wala si kuisifu tu, kwa kuwa imo ndani yake hitilafu moja inayotuhusu sisi wa Afrika Mashariki.

Gillett alisoma uchumi katika chuo cha Peterhouse, Cambridge. Kisha akavuka bahari kwenda Chuo Kikuu cha Columbia, New York, na huko akaandika tasnifu ya shahada ya pili juu ya historia ya roki, jambo ambalo katika miaka ya 1960 walimu wengi wangelicheka. Aliporudi kwao alifundisha chuoni London, na tangu mwaka 1968 akawa na safu yake ya kila wiki katika gazeti la Record Mirror. Tasnifu ile ikakua hata ikawa kitabu, The Sound of the City, yaani Sauti ya Mji, kilichotoka mwaka 1970.

Elimu ya uchumi haikumpotea bure. Waandishi wengi wa roki walianza na mwimbaji: nywele zake, hasira yake, vilio vya wasichana mbele ya jukwaa. Gillett aanza kwa kuuliza ni nani aliyetoa fedha ili wimbo unaswe, na ni nani aliyeuza santuri. Baada ya Vita Kuu ya Pili soko la Marekani lilikuwa mikononi mwa kampuni kubwa sita, Columbia, RCA Victor, Decca, Capitol, MGM na Mercury, nazo hazikuujali sana muziki wa Wamarekani weusi waliokuwa wakihamia mijini kwa maelfu. Pengo hilo likazibwa na watu wenye mitaji midogo. Huko Chicago walikuwako ndugu wawili wa ukoo wa Chess, wahamiaji kutoka Poland; Memphis alikuwako Sam Phillips; New York, Ahmet Ertegun, mwana wa balozi wa Uturuki, aliyeanzisha Atlantic mwaka 1947 pamoja na Herb Abramson. Hao hawakuwa malaika, na Gillett hasemi kuwa walikuwa. Bali waliweka masikio yao mahali ambapo wakubwa hawakuyaweka.

Mfano mmoja watosha. Mwaka 1954 kundi la vijana weusi wa New York, the Chords, lilitoa wimbo wa “Sh-Boom” kwa chapa ndogo ya Atlantic. Mara Mercury ikawapa wimbo huo huo Crew-Cuts, kundi la vijana weupe kutoka Kanada, na ni wao waliouza zaidi. Mwaka uliofuata RCA Victor ilimnunua Elvis Presley kutoka kwa Phillips kwa dola 35,000. Ukiyasoma mambo haya kwa mpango wa Gillett, huoni tena bahati wala muujiza. Waona mkubwa akirudi kuchukua alichokidharau.

Lakini sehemu iliyo bora ya kitabu ni ile anayokataa kuiita roki kitu kimoja. Asema kuwa kati ya 1954 na 1956 zilikuwako namna tano: ya bendi za kaskazini, kama ile ya Bill Haley, ya dansi ya New Orleans, ya Fats Domino, ya Memphis, ya Presley, ya Chicago, ya Chuck Berry, na ya makundi ya waimbaji. Kila moja ina mji wake au asili yake, na mdundo wake. Waweza kubishana naye juu ya mipaka, na mimi nadhani namna ya tano yakaa kwa shida pamoja na zile nne, maana haitajwi kwa mahali bali kwa uimbaji. Hata hivyo msomaji akishafundishwa kusikia tofauti hizo, hawezi tena kuacha kuzisikia. Upungufu wake ni kwamba ushahidi wake mkuu ni santuri na orodha za mauzo. Mcheza dansi twamwona zaidi akinunua kuliko akicheza.

Kitabu chake cha pili, Making Tracks, cha mwaka 1974, chaeleza habari za Atlantic peke yake, nacho hakina upana wa kile cha kwanza. Wakati huo Gillett alikuwa amekwisha kuingia mwenyewe katika mambo aliyoyaandika. Tangu 1972 hadi 1978 alitangaza kipindi cha Honky Tonk katika Radio London ya BBC. Alianzisha na mwenzake kampuni ndogo ya santuri, Oval. Na kwa muda akawa msimamizi wa bendi ya Ian Dury, Kilburn and the High Roads. Mwaka 1977 alipiga redioni mkanda wa majaribio wa Dire Straits, bendi ambayo haikuwa na mkataba wowote, na baada ya muda mfupi kampuni zikawa zinaitafuta. Mwanahistoria wa watu wenye mitaji midogo akawa mmoja wao.

Sasa nafika kwenye hitilafu niliyoitaja. Katika miaka ya 1980 sikio lake lilihamia muziki wa Afrika na wa nchi nyingine nyingi. Mwaka 1987 watu wenye kampuni ndogo za santuri, pamoja na watangazaji na waandishi, walikutana katika baa moja ya London kutafuta jina la kuandikwa juu ya rafu za maduka, nao wakachagua “muziki wa dunia”. Gillett alikuwamo. Sababu ilikuwa ya biashara, na ilikuwa ya haki: muuza duka hakujua aziweke wapi santuri hizo, na mnunuzi hakuziona. Lakini ni yeye yule aliyekataa kuichanganya Memphis na Chicago! Rafu hiyo moja iliipokea taarabu ya Zanzibar pamoja na dansi ya Dar es Salaam, miziki miwili ambayo mtu wa pwani hawezi kuikosea hata akiisikia kupitia ukutani.

Twaweza kusema kwa kumtetea kuwa redioni hakuifuata rafu hiyo. Katika vipindi vyake, na baadaye katika idhaa ya dunia ya BBC, alimkaribisha mgeni, wakapokezana kupiga nyimbo, mmoja akijibu chaguo la mwenzake, na kila wimbo ulisimama kwa jina lake na mahali ulipotoka. Utetezi huo naukubali kwa nusu. Mtangazaji hupita na usiku wake, lakini jina la rafu lilibaki madukani.

Na mbinu yake yenyewe ingetufaa kuliko jina lile. Siti binti Saad alisafiri kwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi kwa ajili ya kampuni ya His Master's Voice. Hapo swali la nani alilipa, na alitarajia kumuuzia nani, laweza kufungua sura nzima ya historia ya Zanzibar. Remmy Ongala, mzaliwa wa Kongo aliyejulikana Dar es Salaam na bendi yake ya Super Matimila, alitoa Songs for the Poor Man mwaka 1989 kwa Real World, kampuni ya Uingereza. Kati ya nyimbo alizowaimbia watu wa Dar es Salaam na zile zilizokwenda katika santuri hiyo, nani alichagua, na kwa sikio la nani? Ndilo swali lile lile aliloliuliza Gillett juu ya ndugu Chess na Sam Phillips.